Programu za wizi na ushahidi wetu: kwa nini cha bure kinaweza kutugharimu sana



Wengi wetu tulikimbia vita bila kitu mkononi isipokuwa simu. Ndani ya simu hiyo mna picha za nyumba zilizochomwa, sauti za watu walioteswa, na majina ya ndugu ambao hatujui waliko. Mwezi wa Februari 2025, kambi nyingi zilizozunguka mji wa Goma zilipovunjwa, familia zilitawanyika tena kwa mara ya pili au ya tatu. Kwa familia nyingi, simu na kadi ndogo ya memori ndiyo kabati la kumbukumbu lililobaki.

Basi siku moja picha zinafutwa kwa bahati mbaya, au simu inakataa kuwaka. Kijana mwenye nia njema anasema: «Musiwe na wasiwasi. Kuna programu ambayo polisi wa nchi kubwa wanatumia kufufua picha zilizofutwa. Inauzwa maelfu ya dola, lakini naweza kuipata bure kwenye intaneti.» Anasifiwa kwa ujuzi wake, naye anaanza kazi usiku huohuo.

Katika somo hili tunataka kuonyesha kwa nini njia hiyo ni ya hatari, na njia gani iliyo salama. Somo linaweza kusomwa na mtu mmoja peke yake, lakini linafaa zaidi kusomwa katika kikundi. Maswali ya mazungumzo yako mwishoni.

1. Tunazungumza juu ya programu gani?

Kuna kazi inayoitwa uchunguzi wa kidijitali. Ni kazi ya kutafuta ushahidi ndani ya kompyuta, simu, flashi au kadi ya memori, kwa namna ambayo hakimu anaweza kuuamini. Programu za kazi hiyo zinaweza kufufua mafaili yaliyofutwa, kuonyesha picha ilipigwa lini, na kuandika ripoti. Baadhi yake zinauzwa kwa polisi na maabara, kama vile EnCase na Cellebrite, na bei yake ni kubwa sana. Nyingine hutolewa bure na watu waliozitunga, nasi tutazitaja mbele.

Kwa sababu ya bei hiyo, kuna watu wanaovunja kufuli ya programu zinazouzwa na kuzitawanya bila ruhusa. Hizo ndizo tunazoziita programu za wizi. Mara nyingi huja pamoja na faili dogo la kuvunja kufuli, au faili linalotengeneza nambari bandia za ufunguo.

Tusichanganye mambo mawili. Programu ya bure si lazima iwe ya wizi. Ikiwa mtungaji mwenyewe ameitoa bure, ni halali. Programu ya wizi ni ile ambayo mtungaji anaiuza, na mtu mwingine ameivunja.

2. Hatari inaingiaje?

Tufuate hatua moja baada ya nyingine. Kijana wetu anashusha faili. Antivirusi ya kompyuta inapiga kelele. Lakini karatasi ya maelezo iliyokuja na faili inasema: «Zima kwanza antivirusi, kwa kuwa inadhani kivunja kufuli ni virusi.» Anaizima. Kisha kompyuta inauliza: «Unairuhusu programu hii ibadilishe mambo katika mashine yako?» Anajibu ndiyo, kwa sababu bila hiyo haiendelei.

Tazameni alichokifanya. Amemfukuza mlinzi wa mlango, kisha amempa mgeni asiyemjua funguo za vyumba vyote. Tangu dakika ile, lolote lililofichwa ndani ya faili lile lina nguvu zilezile alizo nazo mwenye kompyuta.

Mara nyingi programu yenyewe inafanya kazi vizuri, na hapo ndipo mtego ulipo. Mtumiaji anaona picha zinarudi, anafurahi, na hashuki chini kuangalia ni nini kingine kinachotembea ndani ya mashine. Mwizi anayetaka kukaa nyumbani kwako muda mrefu hatavunja sahani.

Kuna jambo la pili. Programu halali hupata marekebisho kila mara kasoro mpya inapogunduliwa. Programu ya wizi mara nyingi haiwezi kupata marekebisho, kwa sababu ikiwasiliana na mtungaji wake itatambuliwa. Kwa hiyo inabaki na nyufa zake zote. Wahenga walisema: usipoziba ufa, utajenga ukuta. Mwezi wa Mei 2017 virusi vilivyoitwa WannaCry vilifunga kompyuta zaidi ya 200,000 katika nchi kama 150, na hospitali nyingi za Uingereza zilivurugika. Dawa ya ufa ule ilikuwa imetolewa tangu mwezi wa Machi 2017, yaani miezi miwili mbele. Walioumia ni wale ambao mashine zao hazikuwa zimepata dawa hiyo.

3. Hatari ya kwanza: mafaili yetu wenyewe kufungwa

Kuna virusi vinavyofunga mafaili yote ya kompyuta kwa siri ya hesabu, kisha vinaacha barua ya kudai fedha. Jamii moja ya virusi hivyo inaitwa STOP, au Djvu. Tangu mwaka 2018 imeenea hasa kupitia programu za wizi na vivunja kufuli. Barua yake ilidai dola 980, au nusu yake, dola 490, kwa anayelipa ndani ya saa 72. Walioshikwa hawakuwa makampuni makubwa peke yao. Wengi walikuwa watu wa kawaida: wanafunzi, familia, watu wenye ofisi ndogo.

Mwezi wa Oktoba 2019 wataalamu wa kampuni ya Emsisoft walitoa dawa ya bure iliyoweza kufungua aina 148 kati ya aina 160 zilizojulikana wakati ule. Lakini sikilizeni lililofuata. Mwezi wa Juni 2020 wezi wengine walitawanya dawa bandia. Mtu aliyekuwa amekata tamaa alipoitumia ili kufungua mafaili yake, ile «dawa» iliyafunga mara ya pili, kwa virusi vingine vilivyoitwa Zorab.

Hapa kuna fundisho kwa sisi tuliopoteza picha. Mtu anayetafuta kwa uchungu kitu alichopoteza ndiye anayedanganywa kwa urahisi. Wezi wanajua hivyo, nao huweka mitego yao hasa mahali ambapo watu wenye haraka watapita. Haraka haraka haina baraka.

4. Hatari ya pili: majina ya watu kuibwa

Hii ndiyo hatari inayotuhuzunisha zaidi, kwa sababu haimwangukii mwenye kompyuta peke yake.

Virusi vingine havifungi kitu. Vinakaa kimya na kukusanya maneno ya siri yaliyohifadhiwa katika kompyuta, barua pepe, picha, na mafaili. Kimoja kinachojulikana sana kinaitwa RedLine, kilichoonekana mwaka 2020, na njia zake za kuenea ni pamoja na programu za wizi. Mwezi wa Oktoba 2024 polisi wa Uholanzi, Marekani na nchi nyingine walivunja mitambo yake. Lakini yaliyokwisha kuibwa hayarudishwi.

Sasa fikirini ni nini kilicho katika kompyuta ya kamati ya kambi. Kuna orodha ya familia, pamoja na vijiji walikotoka na nambari zao za simu. Kuna majina ya mama waliobakwa, na nani aliyewasindikiza hospitali. Kuna majina ya vijana waliotoroka kundi la silaha. Kuna ushuhuda wa mtu aliyemtaja kamanda kwa jina. Kwa mwizi wa mbali, hayo ni bidhaa ya kuuzwa. Kwa adui wa karibu, ni orodha ya watu wa kutafutwa.

Hata mashirika makubwa yameshambuliwa kwa ajili ya habari za namna hiyo. Mwezi wa Januari 2022 Kamati ya Kimataifa ya Msalaba Mwekundu ilitangaza kwamba habari za watu zaidi ya 515,000 zilikuwa zimeingiliwa. Wengi wao walikuwa watu waliotengana na jamaa zao kwa vita, uhamiaji au maafa, waliopotea na wanaotafutwa, na watu walio kizuizini. Washambulizi hawakupitia programu ya wizi. Walipitia ufa mmoja ambao dawa yake ilikuwa haijawekwa kwa wakati, na walikuwa ndani tangu mwezi wa Novemba 2021 bila kuonekana. Ikiwa shirika lenye wataalamu na walinzi liliingiliwa kwa ufa mmoja, kompyuta yetu yenye programu ya wizi na antivirusi iliyozimwa ina nyufa ngapi?

Mama aliyetuambia habari yake alituamini sisi. Hakumwamini mtu asiyejulikana aliyevunja kufuli ya programu katika nchi ya mbali. Kuweka habari yake katika mashine chafu ni kumvunjia agano, hata kama hatukukusudia.

5. Hatari ya tatu: ushahidi kupoteza thamani

Wako wanaofikiri kwamba picha za simu haziwezi kufika mahakamani. Si kweli, na mfano uko kwetu. Mwezi wa Septemba 2018, mahakama ya kijeshi huko Bukavu iliwahukumu makamanda wawili wa kundi la FDLR kifungo cha maisha kwa makosa dhidi ya binadamu. Kesi ilihusu mashambulizi ya mwaka 2012 katika vijiji vya Kamananga na Lumenje, Kivu ya Kusini. Kati ya ushahidi uliotolewa kulikuwa na picha zilizopigwa kwa programu ya simu inayoitwa eyeWitness to Atrocities. Hata huko The Hague, mwaka 2012, majaji waliomhukumu Thomas Lubanga kwa kuwatumia watoto vitani huko Ituri walitazama video zilizowaonyesha watoto hao.

Kwa nini picha za Bukavu ziliaminiwa? Programu ile huandika saa na mahali picha ilipopigwa, na kuipa picha alama yake ya hesabu. Alama hiyo tunaweza kuifananisha na alama ya kidole. Ni mfuatano mrefu wa herufi na tarakimu unaotokana na faili lenyewe. Ukibadilisha hata nukta moja ya picha, alama inakuwa nyingine kabisa. Kisha picha hutunzwa mahali ambapo hakuna anayeweza kuigusa. Hivyo hakimu anaweza kujua kwamba picha anayoiona ndiyo ileile iliyopigwa.

Sasa tuseme picha zetu zimefufuliwa kwa programu ya wizi. Wakili wa mshtakiwa atasimama na kuuliza: «Programu hiyo mliipata wapi? Nani aliivunja? Alibadilisha nini ndani yake? Mnaweza kuthibitisha kwamba haikuongeza wala kupunguza kitu katika picha hizi?» Hatutakuwa na jibu. Hatujui yaliyomo ndani ya programu ile, na aliyeivunja hatakuja kutoa ushahidi. Huenda picha ni za kweli kabisa, lakini shaka imeingia, na mwenye hatia anaweza kunufaika na shaka hiyo.

Tena, hata programu halali zina kasoro zake. Mwezi wa Aprili 2021 wataalamu wa Signal walionyesha kwamba faili moja lililotengenezwa kwa ujanja, likikutwa ndani ya simu inayochunguzwa, liliweza kuibadilisha ripoti ya programu ya Cellebrite, na hata ripoti za zamani zilizotunzwa katika mashine ileile. Mwenye programu halali hupata marekebisho, na anaweza kueleza mahakamani alitumia toleo gani. Mwenye nakala ya wizi hawezi lolote katika hayo mawili. Mwezi wa Januari 2023 programu za kampuni hiyo zilivuja na kutawanywa kwenye intaneti. Kwa hiyo mtu anaweza kuja kwenu akijisifu kwamba anayo. Musimkabidhi simu zenu.

6. Hatari ya nne: sheria na uaminifu

Tangu tarehe 13 Machi 2023 nchi yetu ina Sheria ya Dijitali, nambari 23/010. Sheria hiyo inaadhibu kuingia bila ruhusa katika mashine ya mtu mwingine, nayo inalinda habari za watu binafsi. Anayefungua simu ya jirani kwa programu ya wizi, hata akisema anatafuta ukweli, anaweza kujikuta yeye ndiye mshtakiwa.

Zaidi ya sheria, kuna uaminifu. Sisi tunaodai haki kwa walioibiwa mashamba na ng'ombe, hatutasikilizwa vizuri ikiwa chombo chetu cha kudai haki nacho ni cha wizi.

7. Basi tufanye nini?

Kwanza, tuelewe namna faili linavyofutwa. Ukifuta picha katika kadi ya memori, kwa kawaida picha haiondoki mara moja. Kinachoondoka ni jina lake katika orodha ya kadi, na nafasi yake inahesabiwa kuwa tupu. Picha yenyewe inabaki mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Kwa hiyo hatua ya kwanza ni ya bure na haihitaji mtaalamu: acheni kuitumia kadi hiyo mara moja. Kila picha mpya inaweza kuiua ya zamani.

Baada ya hapo, fuateni mpango huu:

- Tazameni kwanza kapu la taka la picha ndani ya simu. Katika simu nyingi za siku hizi, picha iliyofutwa hukaa humo, mara nyingi siku 30, na inarudishwa kwa kugusa tu.
- Ikiwa picha ilikuwa katika kadi ya memori, itoeni kadi, ifungeni katika bahasha, na andikeni juu yake tarehe, saa, mahali, na ni nani aliyeitoa.
- Ikiwa picha ilikuwa ndani ya simu yenyewe, mjue kwamba simu za siku hizi hufunga habari zake kwa siri ya hesabu. Kilichofutwa humo kabisa mara nyingi hakirudi. Anayeahidi kukirudisha kwa hakika, mwogopeni.
- Msifanye kazi juu ya kadi ya asili. Mtaalamu atengeneze nakala kamili, afanye kazi juu ya nakala, na aandike alama ya hesabu ya kila faili.
- Tumieni programu zilizotolewa bure na watungaji wake. PhotoRec hufufua picha katika kadi na flashi, nayo huisoma kadi bila kuandika kitu juu yake. Picha zilizofufuliwa ziwekwe mahali pengine, kamwe si katika kadi ileile. Autopsy ni programu ya bure ya uchunguzi kamili, nayo inajulikana kwa wachunguzi wa nchi nyingi. Zichukueni kwa mtungaji mwenyewe, si katika flashi ya rafiki.
- Wekeni daftari. Kila mara kadi au simu inapobadilisha mikono, andikeni nani ametoa, nani amepokea, siku gani na kwa sababu gani, na wote wawili watie sahihi. Daftari la karatasi lililotunzwa vizuri lina nguvu kuliko programu ya maelfu ya dola iliyoibwa.
- Kabidhini ushahidi mzito kwa wanaoweza kuutunza: wakili mnayemwamini, shirika la haki za binadamu linalojulikana, au Ofisi ya Umoja wa Mataifa ya Haki za Binadamu pale inapofanya kazi.

Kwa orodha za watu, andikeni nambari mahali pa jina katika ushuhuda, na mtunze mbali karatasi inayounganisha nambari na jina. Msiweke yote katika mashine moja. Na tusimtume mtoto wala kijana kupita kwenye barriere akiwa na simu yenye ushahidi. Uhai wa mtu ni mkubwa kuliko picha yoyote.

8. Na ikiwa programu ya wizi imekwisha kuwekwa?

Msimwaibishe aliyeiweka. Akiogopa atanyamaza, na kunyamaza ndiko kutakakoleta maafa. Itengeni kompyuta na intaneti mara moja. Msichomeke humo flashi nyingine. Kwa kutumia simu au kompyuta nyingine iliyo safi, badilisheni maneno ya siri ya barua pepe na ya mitandao mliyoitumia. Kuifuta programu peke yake hakutoshi, kwa sababu kilichoingia nayo kinaweza kubaki. Mwiteni fundi mwaminifu aokoe mafaili ya lazima, kisha aiandae mashine upya tangu mwanzo.

Halafu kuna kazi iliyo ngumu zaidi ya zote: waambieni watu ambao majina yao yalikuwa humo. Wana haki ya kujua, ili wabadilishe nambari ya simu, wahame nyumba, au wachukue tahadhari nyingine wanayoiona inafaa. Kiongozi anayeficha habari hiyo ili alinde heshima yake anawaacha watu wake gizani.

Maswali ya mazungumzo katika kikundi

1. Katika kambi au mtaa wetu, ni nani anayetunza orodha za familia na ushuhuda? Vinatunzwa wapi, na ni nani wengine wanaoweza kuvifikia?
2. Kompyuta tunayoitumia ina programu gani ambazo hatujui zilikotoka? Ni nani kati yetu anayeweza kuzikagua?
3. Soma tena sehemu ya 5. Kama wakili angetuuliza maswali yale leo kuhusu picha zetu, tungejibu nini?
4. Mama mmoja anataka kufuta ushuhuda wake kwa sababu anaogopa. Tumjibu namna gani?
5. Tunaweza kuanza daftari la makabidhiano wiki hii? Nani atalitunza, na nani atalikagua?

Chagueni mtu mmoja aandike majibu, na mwezi ujao myasome tena pamoja ili kuona ni lipi limefanyika. Haki inaweza kukawia miaka mingi, kama ilivyokawia kwa watu wa Kamananga na Lumenje tangu 2012 hadi 2018. Siku itakapofika, na ikute ushahidi wetu ukiwa safi, na watu waliotuamini wakiwa hai.